Timazi kuanzia msingi hadi linta: kuichagua, kuitengeneza, kuisoma, na kuipeleka shambani

Ukuta ukiegama milimita 30 kutoka chini hadi juu, mwenye nyumba haoni. Atakayeona ni fundi wa plasta, na bili utalipa wewe. Chukua ukuta wa urefu wa mita 4 na kimo cha mita 3. Ili uso wake urudi wima, plasta itabidi ianze na unene wa kawaida mwisho mmoja na kuongezeka hadi milimita 30 zaidi mwisho wa pili, yaani wastani wa milimita 15 za ziada. Mita za mraba 12 kwa milimita 15 ni lita 180 za mota. Kwa mchanganyiko wa moja kwa nne hiyo ni karibu mfuko mmoja na nusu wa saruji, tena kwa uso mmoja wa ukuta mmoja. Geukia uso wa pili, hesabu ni ileile.

Kitu cha kuzuia hasara hiyo ni uzi na kipande cha chuma. Hakihitaji betri wala hakina kioo cha kupasuka, na mtu asiyejua kupanga tofali hata moja anaweza kukisoma. Mwongozo huu nimemwandikia kwanza yule anayejenga Wakiso au Mukono, karibu na Kampala, na kuishi mbali na kiwanja, anayefika Jumamosi na kuambiwa, "Bosi, hapa pote pako sawa." Mwashi chipukizi naye atapata chake.

Majina, kwa sababu dukani utayahitaji

Timazi ni kifaa kizima: uzi pamoja na uzito wake. Ndilo neno la waashi, na wasomaji wa Biblia ya Kiswahili wanalijua hata kama hawajawahi kushika mwiko, maana katika sura ya 7 ya nabii Amosi Bwana anasimama karibu na ukuta akiwa na timazi mkononi. Neno la Kiebrania lililotumika pale, anaki, halipatikani kwingine katika Agano la Kale lote, na wataalamu bado wanavutana juu yake. Wengi wamelisoma kuwa risasi. Wengine wanakumbusha kwamba ndugu yake katika Kiakadi, annaku, ni bati, yale madini na si mabati ya paa. Watafsiri wa Kiswahili walishika njia ya mwashi, na kwa mtu wa saiti maana imekaa vizuri.

Chubwi ni ule uzito wenyewe, bila uzi. Mvuvi pia huita chubwi kile kipande kinachozamisha mshipi au wavu, na ukilitamka neno utasikia lilikotoka: kitu kizito kimeingia majini, chubwi! Bildi ni ya mabaharia. Ni risasi ya kupimia kina cha maji, neno walilolileta mabaharia wa Kiarabu, na kina chake huhesabiwa kwa pima, yaani upana wa mikono miwili iliyonyooshwa. Chini ya bildi ya kizamani kulikuwa na kishimo cha kupakwa mafuta mazito, ili ikigusa chini irudi na mchanga, tope au vipande vya kombe, na nahodha ajue amepita juu ya nini. Ziwa Nalubaale, ambalo ramani huliita Victoria, lina kina cha mita 80 hivi pale penye kina kirefu kabisa. Hiyo ni kama pima 44.

Risasi nayo ni Kiarabu, rasasi, na ilikuwa jina la madini kabla ya kuwa jina la kinachotoka kwenye bunduki. Kilipata jina hilo kwa sababu kilitengenezwa kwa madini hayo. Warumi waliyaita plumbum, ndiyo maana alama yake kwenye kemia ni Pb. Kutoka hapo Wafaransa wakapata plomb, na Waingereza wakapata plumb na plummet. Plummet ilikuwa kwanza kijichubwi cha risasi cha kuning'inizwa. Magazeti ya biashara yanapoitumia kwa bei ya kahawa iliyoporomoka, yamekopa mwendo wa kile kipande kikishuka wima. Plamba wetu wa mabomba ana asili hiyohiyo, kwani mabomba ya Warumi na ya Wazungu wa zamani yalikuwa ya risasi.

Kwenye maduka ya vifaa vya ujenzi ya Nabugabo, Kampala, ukiomba timazi unaweza kuonyeshwa pimamaji, ile rula yenye kipovu cha hewa ndani ya maji. Omba plambu-bobu, kisha uangalie kwa macho yako kinacholetwa kaunta.

Hatua ya 1: nunua, au tengeneza

Timazi ya dukani huja na vitu vitatu: chubwi ya shaba nyeupe au chuma, uzi, na kibao au kipande cha chuma chenye tundu katikati ambamo uzi hupita. Hicho kibao usikitupe. Upana wake unatakiwa kulingana na kipenyo cha chubwi, na huo ulinganifu ndio kazi yake yote. Kwa nyumba ya ghorofa moja chubwi ya gramu 300 hadi 500 inatosha.

Kwa nini zamani walipenda risasi? Kwa sababu ya ujazo. Nusu kilo ya risasi ina sentimita za ujazo 44, ya chuma inafika 64 hivi, na ya jiwe la kawaida ni kama 185. Uzito ni uleule, lakini upepo unaona shabaha tatu tofauti. Kipande kidogo kizito hutulia upesi.

Hata hivyo, usiyeyushe risasi nyumbani. Nalisema kwa mkazo kwa sababu ni rahisi mno: risasi huyeyuka kwenye nyuzi 327 za Selsiasi, na moto wa sigiri unazifikia. Betri kuukuu za gari zimejaa, na kila mtaa una kijana anayejua kuzipasua. Moshi na vumbi lake huingia mwilini na kukaa humo, na wanaoumia zaidi ni watoto, ambao risasi huwaharibu ubongo. Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiwango kinachojulikana kuwa salama. Huko Thiaroye-sur-Mer, pembeni ya Dakar, watoto 18 walikufa kati ya mwishoni mwa 2007 na mapema 2008 mahali ambapo watu walikuwa wakichambua udongo uliojaa risasi ya betri. Owino Uhuru, Mombasa, wakazi walikwenda mahakamani kwa sababu ya kiwanda cha kuyeyusha betri. Chubwi ya risasi iliyokwisha kutengenezwa haina shida hiyo ukiishika, ila unawe mikono kabla ya kula na usiwaachie watoto waichezee.

Badala yake, tafuta kipande cha nondo ya milimita 16 chenye urefu wa sentimita 30. Kina karibu nusu kilo, na kila saiti ina vipande kama hivyo vinavyokanyagwa tu. Mpe mchomeleaji akibandikie nati juu, katikati, upitishe uzi. Bolti kubwa yenye nati zake mbili tatu nayo inafaa. Usijali kama umbo si zuri, kwa sababu kipimo tutakichukua kutoka kwenye uzi. Uzi wowote wenye kitu kizito chini na usiogusa chochote utakuwa wima, hata kama kilichofungwa ni jiwe.

Uzi uwe mwembamba na uliosukwa. Uliosokotwa hujifungua ukivutwa na uzito, na chubwi itazunguka mpaka uchoke kuingoja.

Hatua ya 2: ijaribu kabla ya kuiamini

Kama chubwi yako ina ncha, na unakusudia kuitumia ncha hiyo kuonyesha pointi sakafuni, ining'inize milimita chache juu ya karatasi, uizungushe taratibu kwa vidole. Ncha ikibaki papo hapo, ni nzima. Ikichora kaduara, imepinda au tundu la uzi halikutobolewa katikati. Timazi ya namna hiyo bado inafaa kwa ukuta, lakini usiitumie kuhamisha pointi kutoka juu kwenda chini.

Kisha kagua kibao. Kisimamishe mezani kwa ukingo wake, chubwi ikiwa imelala kando yake, na uweke rula juu ya vyote viwili. Rula ikigusa vyote bila kucheza, ni vya jozi moja. Kwenye saiti nyingi chubwi asili ilipotea zamani, ikaletwa nyingine nene kidogo, na kibao kikabaki cha zamani. Tofauti ya milimita 4 katika kipenyo itakudanganya milimita 2 kwenye kila ukuta wa nyumba, zote upande mmoja.

Hatua ya 3: soma ukuta

Njia ya haraka, ambayo waashi wengi huitumia, ni ya kibao. Shika kibao juu, kingo yake ikiwa imebana uso wa ukuta, na uteremshe chubwi hadi karibu na kozi ya kwanza, yaani safu ya kwanza ya matofali. Ngoja itulie. Ikibusu ukuta bila kuegemea, ukuta uko wima. Pakiwa na mwanya kati ya chubwi na ukuta, juu kumekuja upande wako kwa kiasi cha mwanya huo. Ikiwa imeegemea ukuta, juu kumerudi nyuma, au chini kumetokeza, ambayo ni kusema kitu kilekile.

Tatizo liko kwenye hali hiyo ya tatu. Chubwi iliyoegemea ukuta imekoma kuwa timazi. Imekuambia kuna kosa lakini haisemi ni milimita ngapi. Basi mwenye nyumba anayetaka namba atumie njia nyingine, ambayo mimi huipenda zaidi hata kama ni ya polepole.

Chukua fito iliyonyooka, ya urefu wa sentimita 30 hivi. Piga msumari mdogo juu yake, milimita 100 kamili kutoka mwisho mmoja. Mtu mmoja apande jukwaani, abane mwisho huo kwenye ukuta, chini kidogo ya kozi ya juu, na kuning'iniza uzi kwenye msumari. Wewe ukae chini na tepu. Pima kutoka uso wa tofali hadi kwenye uzi sehemu tatu: juu, usawa wa kifua, na chini kabisa. Andika namba zote tatu kwenye tofali kwa chaki, pale pale ulipopima. Namba zilizoandikwa ukutani hazina ubishi.

Zisome hivi. Juu 100, chini 100, kati 100: safi. Juu 100, chini 108: ukuta umeegama kuja kwako milimita 8. Juu 100, chini 94: umeegama kwenda nyuma milimita 6. Juu 100, kati 92, chini 100: ukuta una tumbo. Tumbo ni kosa ambalo pimamaji fupi huliruka kwa urahisi, kwa sababu ukiiweka chini kidogo inasema mbele, ukiiweka juu kidogo inasema nyuma, na fundi anachagua ile aliyoipenda.

Mambo madogo yanayoharibu kipimo, na ambayo sijaona yakiandikwa popote kwa lugha yetu:

Matofali yetu ya kuchoma hayalingani. Yaliyotoka tanuru moja yanaweza kutofautiana upana sentimita nzima, kwa hiyo mwashi huchagua upande mmoja wa ukuta kuwa uso na kuuacha wa pili ukiwa na mabonde. Muulize uso ni upi, upime huo tu. Ukipima mgongoni utamgombeza mtu wa watu bure.

Pima kwenye tofali, kamwe si kwenye mota iliyobubujika kwenye kiungo. Ikwangue kwanza kwa ncha ya mwiko.

Mpe uzi muda. Timazi ya mita 3 huchukua kama sekunde tatu na nusu kwenda na kurudi, na inaweza kuendelea kwa dakika kadhaa. Wengi huikamata kwa mkono, huiachia, na kusoma mara moja. Wanachosoma ni mkono wao. Iguse kidogo kwa kidole ikiwa inapita katikati ya mwendo wake, au iache ifie yenyewe.

Ukiwa na upepo, na kule kwenye vilima vya Wakiso alasiri upepo hauombi ruhusa, kata jerikeni kuukuu, ijaze maji, na uiache chubwi izame ndani bila kugusa pembeni wala chini. Maji huua mtikisiko. Oili chafu ya gari huua zaidi, ila utamwaga siku moja na utajuta.

Na kona ina nyuso mbili. Kona yaweza kuwa wima ukiitazama kutoka barabarani na ikawa imeanguka ukiitazama kutoka kwa jirani. Timazi iteremshwe mara mbili kwa kila kona, moja kila uso.

Hatua ya 4: wakati wa kupima

Hapa ndipo pesa inapookolewa. Kipimo cha baada ya linta, ule mkanda wa zege juu ya milango na madirisha, ni taarifa ya msiba. Kipimo cha kozi ya nne bado ni kazi ya dakika tano.

Waashi hupandisha kona kwanza, kisha hufunga kamba kati ya kona mbili na kujaza katikati kwa kuifuata. Ina maana kona ikiwa wima na kamba ikiwa imekazwa, ukuta wote utafuata. Na kona ikiegama, ukuta wote utaegama kwa utii. Kwa hiyo timazi ni ya kona. Pima kila baada ya kozi nne au tano zinazoongezwa, kabla kamba haijafungwa. Katikati ya ukuta pima mara moja moja tu, kutafuta tumbo.

Usikubali ukuta upandishwe zaidi ya mita moja na nusu kwa siku. Mota changa chini ya uzito wa kozi nyingi hujikamua, na ukuta uliokuwa wima saa nane mchana unakuwa umekaa upande jioni. Kwa sababu hiyohiyo, asubuhi pima tena kazi ya jana kabla ya kuijengea juu.

Makubaliano na fundi yafanywe kabla ya tofali la kwanza. Mimi kwa ukuta wa mita 3 sipokei zaidi ya milimita 5 kwenye uso, na hadi 10 nakubali kwa shingo upande kama plasta itaficha. Sema namba yako mapema, kwa heshima, wote mkiwa mmesimama: "Fundi, tukipita milimita tano tunashusha, gharama ya tofali yangu, gharama ya kazi yako." Akikubali hapo, siku ya kushusha hamtapandishiana sauti.

Kurekebisha

Mota ikiwa bado mbichi, kozi mbili tatu za mwisho zishushwe, matofali yapanguswe, na yapangwe upya. Usiruhusu fundi agonge ukuta wa jana kwa nyundo ili "urudi". Utarudi kweli, lakini kiungo cha mota kimekwisha kuachana na tofali, na kinachoshikilia hapo ni urafiki. Magharibi mwa Uganda jambo hili lina uzito wake: Toro ilitikiswa vibaya 1966, na tena 1994 kule Kisomoro, na ukuta wenye viungo vilivyoachana hauna cha kushikilia ardhi ikicheza.

Ukuta uliokwisha kukauka na kuegama sentimita mbili au zaidi, usimwulize fundi aliyeujenga kama una hatari. Mwite injinia auone kabla ya paa au slabu kuwekwa juu yake, kwa sababu mzigo wa juu ndio utakaoamua.

Fremu ya mlango

Hii ni fupi. Fremu ya chuma ipimwe kwenye miimo yote miwili, na kila mwimo kwa nyuso mbili: ule unaotazama ndani ya uwazi wa mlango na ule unaotazama chumbani. Mwimo wa bawaba ndio mkubwa. Baada ya mlango kufungwa mahali pake, ufungue nusu na uuachie. Ukijifunga wenyewe au kujifungua wenyewe, mstari wa bawaba hauko wima, hata kama fundi ataapa kwamba ni upepo. Zege la kujazia lisimwagwe kabla jaribio hili halijafanyika.

Nguzo na ghorofa

Kwa nguzo, fomu, yaani mbao za kumwagia zege, ipimwe nyuso mbili zinazokutana kabla zege halijamwagwa, na mara tu baada ya kumwagwa, kwa sababu zege husukuma mbao. Unapohamisha kona kutoka slabu moja kwenda nyingine, ongeza uzito: kilo moja na nusu hadi mbili, na ndoo ya maji iwe lazima. Hapa ndipo ncha iliyonyooka ya hatua ya 2 inapotakiwa. Daima hamisha kutoka chini kabisa, pale kwenye alama za msingi, si kutoka ghorofa iliyotangulia. Ukihamisha kutoka ghorofa hadi ghorofa makosa madogo huongezana.

Vijana wa Kasese huuliza kama Rwenzori haivuti timazi kwenda upande wake. Swali si la kipuuzi. Mlima una uzito, na uzito huvuta. Mwaka 1774 Nevil Maskelyne, mwanaastronomia wa mfalme wa Uingereza, alipeleka timazi kwenye mlima Schiehallion kule Scotland kupima mvuto huo, na akaupata. Ila tofauti aliyoipata kati ya kaskazini na kusini ya mlima ilikuwa chini ya sekunde 12 za pembe, na digrii moja ina sekunde 3,600. Kwa ukuta wa mita 3 hiyo haifiki robo ya milimita. Rwenzori ni kubwa zaidi, lakini jenga tu.

Timazi shambani: fremu ya A

Kilichonifanya nisiishie kwenye nyumba ni kwamba timazi ileile inaweza kuchora mstari ulio usawa kwenye mteremko, na huko Kabale, Kisoro au kwenye mabega ya Elgon mstari huo unaamua kama mvua itabaki na udongo wako au itaupeleka bondeni. Ufundi wenyewe ni wa kale. Katika kaburi la Sennedjem, fundi wa makaburi ya mafarao huko Deir el-Medina, lililofunguliwa 1886, kulikutwa kifaa cha mbao cha umbo hilihili chenye timazi katikati, na kina umri wa zaidi ya miaka 3,000.

Chukua fito mbili za mita 2, zilizonyooka na za urefu sawa. Zifunge juu kwa msumari mmoja, uzitanue chini hadi miguu iachane mita 2, kisha piga fito ya tatu kuvuka katikati, kama herufi A. Ning'iniza timazi kwenye msumari wa juu, uzi ushuke hadi uvuke ile fito ya kati na chubwi ining'inie chini yake bila kugusa ardhi.

Sasa isahihishe. Simamisha miguu yake juu ya mawe mawili au vigingi viwili, hata kama ardhi si sawa. Uzi ukitulia, weka alama ya penseli pale unapovuka fito ya kati. Kisha geuza fremu: mguu wa kushoto uende ulipokuwa wa kulia, na wa kulia ulipokuwa wa kushoto, palepale juu ya mawe yaleyale. Weka alama ya pili. Nusu ya njia kati ya alama mbili ndipo penye usawa. Chora hapo mstari mzito au kata kanjia kwa kisu. Uzuri wa ugeuzaji huu ni kwamba fremu yako ikiwa mbovu, mguu mmoja mfupi kuliko mwingine, kosa hugawanyika lenyewe na alama ya katikati inabaki kweli. Ila fito zikilegea, anza upya.

Kuchora mstari: piga kigingi cha kwanza ukingoni mwa shamba. Mguu mmoja ukae kwenye kigingi hicho, mwingine uusogeze juu au chini ya mteremko mpaka uzi ukatulia kwenye alama. Kigingi cha pili kipigwe hapo. Zungusha fremu juu ya mguu wa mbele na uendelee hivyo hadi mwisho wa shamba. Watu wawili wanafaa zaidi kuliko mmoja: mmoja ashike fremu, mwingine aje na vigingi na panga. Ukimaliza, rudi nyuma uutazame mstari wote. Vigingi vitakuwa na vikona vidogo kwa sababu ya mabonde ya jembe na visiki. Lainisha kwa jicho, ukivisogeza kidogo hapa na pale ili ng'ombe wa plau au mchimbaji aufuate bila taabu.

Mfereji ukichimbwa kwenye mstari huo, udongo ukirushwa upande wa juu ndiyo fanya juu, ukirushwa upande wa chini ndiyo fanya chini. Majina haya ya Kiswahili yametoka Ukambani nchini Kenya na wataalamu wa udongo wa nchi nyingi sasa huyatumia jinsi yalivyo. Fanya juu hujenga tuta ambalo miaka ikipita hugeuka ngazi. Inakula nguvu zaidi, kwa sababu udongo unapandishwa. Panda nyasi za lishe juu ya tuta mvua ya kwanza isije ikalibomoa.

Kwenye miteremko mikali ya Bududa, mahali ambapo Machi 2010 mlima ulishuka juu ya kijiji cha Nametsi, usichimbe mifereji ya kuzuia maji bila kumwita afisa kilimo. Mfereji ulio usawa kabisa hushikilia maji, na udongo wa pale ukilowa sana hadi chini huanza kuteleza wenyewe. Huko mara nyingi mstari hupewa mwelekeo kidogo ili maji yatembee kwenda kwenye njia yenye nyasi. Fremu ileile hufanya hivyo: funga kipande cha mbao cha sentimita 2 chini ya mguu mmoja, na hakikisha mguu huo ndio unaoelekea upande wa kutolea maji kila unapoipiga. Kwa miguu iliyoachana mita 2, sentimita 2 ni mteremko wa asilimia moja.